Mashamba ya Ng'ambo ya Mutolo

Sifa mwanangu,

Begi lako liko mlangoni, umelifunga kwa kamba, na fundo lenyewe ni baya, lakini sitaligusa. Nimeamua pia kwamba hii barua haitakuambia uvae nini ukifika Mbeya wala maji gani uyakatae pale Kigoma. Hayo unayajua, na yale usiyoyajua utafundishwa na tumbo, sawa vile nami nilifundishwa. Nina jambo moja tu. Ningeweza kulisema kwa mdomo, ila siku hizi mdomo wangu ukianza na wewe unaishia kwenye makelele, na jirani zetu wa hapa kambini Dzaleka wanasikia hata kijiko kikianguka.

Kwanza acha nikasirike, nimalize, ndipo tuendelee.

Uliniambia sokoni. Ulichagua kunikuta Area 25, mbele ya meza, wateja wamesimama, sahani ya kupimia maharagwe iko mkononi mwangu, kwa sababu ulijua siwezi kupiga kelele mbele ya wateja. "Mama, nimepata kazi. Ni Fizi." Ulisema vile kama mtu anayesema amepata chumvi. NaPhiri wa meza ya nyanya akaniuliza umesema nini, nikamwambia, "Anasema anarudi kule tulikokimbia." Akacheka, akidhani ni utani. Mi nikaendelea kumwaga maharagwe kwenye sahani mpaka yakafurika, na yule mteja akaondoka na nyongeza ambayo hakuiomba.

Tulipofika hapa dosye yetu, lile faili la ukimbizi, ilikuwa na majina matatu. Baba yako tulimzika hapa hapa, kwenye udongo huu mwekundu ambao hakuupenda. Sasa wewe umerudisha karata yako ya ukimbizi, nami nimebaki peke yangu kwenye karatasi, nikingoja kuitwa kwenda nchi yenye baridi ambayo hata sikuitaka kwa ajili yangu. Niliitaka kwa ajili yako. Miaka yote niliyofagia mabaki ya tumbaku kule Kanengo, nikikohoa mpaka kifua kinawaka, na miaka yote niliyopanda lori la kwenda Madisi kutafuta maharagwe kabla ya wanunuzi wakubwa, nilikuwa nikijiambia: Sifa atakwenda mbali. Kumbe umekwenda mbali kweli, ila kwa kurudi nyuma.

Haya. Hasira imekwisha, au tuseme imekaa chini.

Kazi uliyoipata naijua. Umenieleza kwa maneno ya shule: hifadhi ya mkoa, mandhari, ushirikishwaji. Mi naieleza hivi. Kuna ziwa letu na pwani yake yenye matete, kuna mito inayoshuka, na kuna milima inayopanda mpaka kwenye mianzi ambako sokomutu, wale sokwe wakubwa, wanalala. Hayo yote yamezungushiwa mstari, na ofisi ya mkoa njo inaulinda. Ndani ya mstari hakuna jembe. Sasa ofisi imekubali kwamba pengine mstari ulichorwa vibaya, na kiangazi hiki inatuma watu waupitie upya, kijiji kwa kijiji. Wewe umechukuliwa kwa sababu unajua Kifaransa na unajua Kibembe, na utasimama mbele ya watu na kuwauliza: mashamba yenu yanaishia wapi?

Watakudanganya, mwanangu. Najua, kwa sababu mtu wa kwanza aliyekuja na swali hilo kijijini kwetu, mi njo nilimdanganya.

Hili si siri, na sikuandikii ili unihurumie. Baba mdogo wako Wilondja analisema kila akilewa. Lakini analisema kama ujinga wa mwanamke mmoja, na haukuwa ujinga. Ilikuwa hesabu nzuri kabisa, iliyofanywa juu ya swali lingine.

Ulikuwa mdogo, hukumbuki mashamba ya njia. Kila nyumba kwetu ilikuwa na shamba moja karibu na njia, dogo, lililopaliliwa vizuri kuliko yote, mihogo imesimama kwa mstari. Hilo njo lilikuwa la kuonyesha. Akija mjumbe wa sefu, chifu wetu, kuhesabu kwa ajili ya kodi, unampeleka shamba la njia. Wakija watu wenye bunduki kuuliza mna chakula kiasi gani, wanaona shamba la njia, wanang'oa wanachong'oa, wanaondoka. Akija mtu wa sensa, mtu wa mbegu, hata mchungaji mgeni anayetaka kujua fungu la kumi litakuwa kubwa au dogo: shamba la njia. Bibi yako alinifundisha nikiwa bibi harusi, wiki ya kwanza. Alinipeleka pale, akasema, "Hapa njo utakuwa masikini." Halafu akanivusha kijito cha Mutolo, tukapanda, akanionyesha mashamba ya ng'ambo. "Na hapa njo utakula."

Ng'ambo ya Mutolo ukoo wetu ulikuwa na mashamba matatu, moja juu ya jingine. Hatukuyalima yote pamoja. Moja linalimwa, mengine yanalala miaka, majani yanapanda, miti midogo inasimama, udongo unarudisha nguvu, ndipo unahama. Theluthi moja ya chakula chetu ilitoka njiani, theluthi mbili zilitoka ng'ambo. Mi nilizihesabu vikapu kwa vikapu misimu kadhaa, kwa kupenda tu kujua, na baba yako alikuwa akinicheka: "Ulitakiwa uwe muke ya benki."

Watu wa hifadhi walikuja mwaka uliofuata uchaguzi, wakati redio ilikuwa inasema amani asubuhi na jioni. Walikuwa watatu, wakiongozwa na kijana agronomu, bwana shamba kutoka mjini, mpole, miwani yake imefungwa kwa uzi. Sitaki umchukie. Alilala kwenye kanisa letu la udongo, alikula sombe yetu ya majani ya mihogo bila kukunja uso, na kila mtoto aliyemwamkia alimjibu. Alitafuta mtu wa kutafsiri. Nilikuwa nimefika darasa la tatu la sekondari, basi wakaniita mimi. Nilifurahi. Nilijifunga kitenge kipya.

Tukatembea. Mbele agronomu na kile kifaa chake cha kupimia mahali, kinachosoma nyota za serikali, nyuma yake mi, nyuma yangu mjumbe wa sefu. Sikiliza hapo, Sifa: mjumbe wa sefu, yule yule wa kodi, alikuwa nyuma yangu hatua mbili, na kalamu yake sikioni.

Tulipofika Mutolo kijana akasimama, akafuta miwani.

"Mama, mashamba yenu yanafika wapi?"

"Njo hapa tu. Pa maji."

"Na ng'ambo?"

"Ng'ambo ni pori. Ni ya nyani."

Akatazama juu. Kutoka pale unaona miti tu, kwa sababu lile la kwanza lilikuwa limelala na la pili limejificha nyuma ya mgongo wa kilima. Akauliza tena, taratibu, "Hakuna mutu analima kule? Hata kidogo?"

Wanaume wakaanza kucheka. Wilondja akasema, "Labda nyani njo wanalima, muende muwaulize kodi yao." Hata mjumbe alicheka. Kijana naye akacheka, akaandika. Nakumbuka nilijisikia mwerevu sana. Nimewaficha wote wawili, mtu wa kodi na mtu wa kifaa, kwa jibu moja.

Na haikuishia hapo, maana watu husema tulichorewa mstari kwa kificho. Hapana. Kabla ya msimu wa mahindi walirudi na ramani kubwa, wakaifungua kanisani, wakasoma kwa sauti: kijiji kinaishia Mutolo, ng'ambo ni hifadhi, hakuna kulima, hakuna kukata. Wakauliza nani ana neno. Mjumbe wa sefu alikuwa ameketi benchi la mbele. Mi nilipiga hesabu ya kodi tutakayookoa, nikanyamaza. Baba yako alinyamaza. Wazee walitia kidole kwenye wino mmoja mmoja, na tukitoka nje tulikuwa tunabana kicheko kama watoto walioiba sukari.

Halafu mabango yakapigiliwa kwenye miti, pembeni ya maji.

Nataka uelewe kilichofuata bila kuongeza chumvi. Hakuna aliyetupiga siku ya kwanza. Mashamba ya njia yakalimwa mfululizo, kwa sababu hakukuwa na pa kuhamia, na udongo ukachoka. Mihogo ikawa kama vidole. Mwaka wa shamba la pili kuamka ulifika na halikuamka, kwa sababu mlinzi alikuwa amekaa ng'ambo akiota moto. Tulikwenda kwa sefu kulalamika. Sefu akatuuliza, "Mashamba gani? Mi sina kodi ya mashamba ile." Vijana waliokuwa wanalima wakaenda kuchimba dhahabu, wengine wakachukua bunduki, na bunduki zikarudi nyumbani na wenyewe. Vita haikuletwa na kijito, sisemi hivyo. Vita ilikuwa na sababu zake kubwa. Lakini nyumba yenye akiba inaweza kujificha porini mwezi mzima na kurudi. Sisi ilipofika siku ya kukimbia hatukuwa na kikapu cha kungojea. Tukashuka pwani, tukapanda mtumbwi wa watu, na ndivyo ulivyopata kusomea kwenye vumbi hili.

Kwa hiyo wakinililia watu kwamba hifadhi ilitunyang'anya, ninakubali, na nina kinyongo nayo mpaka leo. Walikuwa na kifaa cha kusoma nyota, wakakosa akili ya kungoja alfajiri na kuona wanawake wanavuka maji na majembe. Walipaswa kuona. Lakini kinyongo hicho nakigawa. Fungu lao nimewapa, na fungu langu ninalo.

Ungedhani nilijifunza. Wewe mwenyewe unajua meza yangu Area 25, ile ya pembeni, ambayo nikikaa magoti yangu yanatoka njiani na watu wananipiga na mabeseni. Hukuwahi kuuliza kwa nini meza yangu ni nyembamba kuliko zote. Ulikuwa shuleni. Wanakamati walipita kuhesabu bidhaa za kila mtu. Mi niliwaona mbali, nikaita kijana wa kabaza, magunia yote yakapanda baiskeli kwenda nyumbani kwa NaPhiri, nikabaki na beseni moja na uso wa huruma. Nilidhani ni ushuru. Kumbe walikuwa wanagawa nafasi chini ya paa jipya, na kila mtu alipata nafasi sawa na bidhaa alizoonekana nazo. NaPhiri alipoona kipande changu aliweka mikono kiunoni. "Amayi, inu mumabisa kwambiri." Mama, we unaficha sana. Nikamwambia kwetu asiyeficha halali na chakula. Akasema, "Na hapa anayeficha anakalia beseni." Soko zima lilicheka. Nilicheka nao, nikarudi nyumbani nikamkasirikia baba yako bure.

Mkono uliozoea kuficha hauulizi kwanza nani anakuja. Hilo njo nimelijua, na nimelilipia mara mbili.

Basi wewe utasimama mbele ya mikono kama yangu. Siwezi kukufundisha kazi, ila naweza kukuambia mahali nilipodanganyia, ili upite pengine. Usiulize mbele ya sefu wala mbele ya mtu wake, hata akikuletea kiti. Mwanamke usimuulize akiwa na mume wake. Na mume usimuulize akiwa na ndugu zake. Ungoje asubuhi, uone majembe yanaelekea wapi, ufuate nyuma, ubebe hata kikapu cha mtu. Shamba lililolala linajulikana kwa miguu kabla ya macho: chini ya majani matuta bado yapo, utajikwaa. Miti yake ina kimo kimoja, kama watoto waliozaliwa mwaka mmoja. Utakuta muhogo umegeuka kuwa mti, hakuna anayeuchimba. Utakuta visiki vyenye weusi wa moto. Msitu wa kweli hauna usawa huo; una wazee na watoto pamoja, na chini yake pamelegea, hapana tuta.

Sasa nifike kwenye lenyewe.

Jumapili ulipokuwa kanisani na wenzako kuaga, Wilondja alipiga simu. Alikuwa na watu, nilisikia makelele nyuma yake.

"Shemeji! Tumesikia. Mutoto yetu njo anakuya na kalamu. Sasa tuko matajiri!"

"Kalamu ni ya ofisi," nikamwambia.

"Ofisi nini? Damu ni damu. Umuambie hivi: mashamba yetu ilifika ku mianzi. Kilima chote. Bantu yote hapa tumepatana, tutasema ku mianzi."

"Wilondja, haikufika ku mianzi. Iliishia pa chemchemi."

"Nani anajua? Bazee bote balishakufa."

"Mi sijakufa."

Halafu akacheka kile kicheko chake cha kupiga mtu. "Ee, shemeji. Mara ya kwanza ulitupunguzia mpaka tukakosa pa kusimama. Acha basi mara ya pili tuongeze. Ama unatupunguzia tena?"

Sifa, neno hilo lilinikaa. Linanikaa hata sasa ninapoandika. Kwa sababu lina haki ndani yake. Nina deni kwa watu wale. Wananiambia: ulitukata kwa uongo, sasa tusaidie kwa uongo. Na hesabu inakaribia kukubali. Mara ya kwanza chini ya kweli, mara ya pili juu ya kweli, ukizichanganya utapata katikati.

Lakini hesabu ya mstari haifanyi hivyo. Umeniambia mwenyewe kuhusu kile kijiji cha pwani, waliodai mpaka kwenye matete ambako samaki wanazalia, na mtu wa ofisi akaenda na mtumbwi akaona hakuna alama ya mtu, akatupa madai yao yote, hata yale ya kweli. Hawakukata nusu. Walitupa yote. Mtu akishakuona umeongeza kwenye gunia, hapimi tena gunia zako nyingine, anakwenda meza ya jirani. Hiyo naijua bila shule.

Na ukitupwa, anayepotea si Wilondja. Wilondja halimi, anakunywa. Anayepotea ni mama mkubwa wako Atosha.

Dada yangu alikataa kukimbia, unalijua hilo. Usilolijua ni kwamba shamba la kwanza la ng'ambo, lile lililo karibu na maji, halikulala tena. Amelilima miaka hii yote, ndani ya hifadhi, akivuka kabla jua halijatoka. Walinzi walimkamata mara mbili. Mara ya kwanza walimnyang'anya jembe. Mara ya pili walimnyang'anya jembe na wakamkalisha siku mbili kwenye kibanda chao, mwanamke mzee mwenye mgongo uliopinda. Wamemwambia ya tatu ni gereza. Anakula kwenye shamba hilo, na wajukuu wanne aliobaki nao wanakula hapo. Nilipomwambia wewe njo unakuja, hakupiga kelele ya furaha kama wengine. Aliuliza tu, "Atakuya na kile kikofia yao?" Nikasema ndiyo, nadhani watakupa kofia ya hifadhi. Akasema, "Basi umuambie akiniona asikimbie kunikumbatia mbele ya bantu. Watasema shamba langu nimepewa na mutoto ya dada. Anipime kama mutu mwingine."

Anipime kama mtu mwingine. Nimebeba kilo nyingi maishani, sikuwahi kubeba maneno mazito hivi kutoka kwa mtu asiyejua kusoma.

Kwa hiyo nakupa kweli, yote, bila shamba la njia. Ukivuka Mutolo pale penye mawe mapana, shamba la kwanza linaanza hapo hapo na kupanda mpaka kwenye mgongo wa kilima. Siku hizi ni la Atosha, linalimwa, hata kipofu atalitambua. Nyuma ya mgongo, upande jua linapozama, kuna la pili. Hilo lilikuwa la Wilondja na kaka zake wengine, na halijaamka tangu mabango. Tafuta matuta kwa miguu. Yakiwepo, andika, hata kama amenitukana. Linaishia kwenye korongo dogo. Kuvuka korongo, chini ya chemchemi, lipo la tatu. Juu ya chemchemi hakuna kitu cha mtu. Mianzi ni ya mianzi. Akikuambia mtu yeyote vingine, hata akilia, hata akiwa na jina la ukoo wetu, umwambie mama yako ndiye aliyesema, na wanichukie mimi. Mi niko Malawi, matusi yao yatafika yamechoka.

Watakuchukia na wewe. Sitakudanganya juu ya hilo pia. Utakula kwao huku wanakutazama. Pengine usiku mmoja utataka kunipigia simu uniambie nilikutuma vibaya. Nipigie. Nitapokea.

Limebaki la tatu.

La tatu ni letu. Lilikuwa la baba yako. Bibi yako alinipa mimi siku aliyopata mjukuu, yaani wewe. Alisimama pale na akasema hili ni la tumbo hili. Udongo wake mweusi, ukishika unabaki kwenye kucha siku mbili. Tulilima msimu mmoja tu kabla ya mabango kulilaza, na lilitupa maharagwe ambayo sijawahi kuyaona tena, si Madisi, si popote. Wakati nafagia tumbaku Kanengo nililima shamba lile kichwani, tuta kwa tuta. Watu wengine hapa kambini wana picha ya Kanada au Australia ukutani. Mi sina picha. Nilikuwa na lile. Nilijiambia: hata wasiponiita, nina pa kurudi.

Hakuna mtu amelikanyaga tangu tuondoke. Atosha anasema hajafika huko, magoti hayamruhusu, lakini asubuhi anasikia sokomutu wakipiga kelele upande ule, karibu kuliko zamani.

Kwa hiyo huenda ukavuka korongo na usijikwae. Huenda matuta yameshaliwa na mizizi, miti haina tena kimo kimoja, mikubwa na midogo imeshachanganyika, na hakuna kisiki, na hakuna muhogo. Mvua kule ni nyingi, na miaka imekuwa mingi. Utasimama pale na kalamu, na karibu yako mwenzako wa ofisi atakuuliza, "Hapa ni nini?" Na wewe utakuwa na barua hii mfukoni, inayosema hapa ni shamba la mama.

Usiitoe. Barua ni maneno yangu, na maneno yangu yalishachora mstari mmoja mahali pale. Angalia chini, tembea kote, uchukue muda wako. Ukijikwaa hata mara moja, andika shamba, na Mungu akubariki.

Usipojikwaa, Sifa, andika msitu. Andika kwa mkono wako mwenyewe, usimwachie mwenzako. Halafu nipigie simu uniambie hivyo hivyo, msitu, bila kunizungushia maneno mazuri ya shule. Sitapiga kelele. Nitakwenda kwa wanakamati wa soko, nitawaonyesha magunia yangu yote, nitaomba meza pana.

Mama yako,
Mwenye kukuzaa na kukukasirikia